Mjadala: Je, Adèle Haenel angebaki kwenye filamu?

Kila jina la Adèle Haenel, mwigizaji aliyetangaza kuacha filamu, linapotajwa nasikia maneno yale yale: "Kajiharibia mwenyewe. Angebaki apiganie humo humo ndani." Mimi nayapinga. Nitasema kwa nini, halafu nanyi mnipinge.

Kwa asiyemfahamu, ni Mfaransa aliyezaliwa 1989, akaanza filamu akiwa mtoto kwenye Les Diables ya mwaka 2002. Mwaka 2014 alipata César, tuzo kubwa ya filamu Ufaransa, akiwa mwigizaji bora msaidizi. Mwaka uliofuata akachukua ya mwigizaji bora wa kike. Alikuwa na miaka 26 tu.

Lakini tuziache tuzo. Tazama mwisho wa Portrait de la jeune fille en feu, filamu ya Céline Sciamma ya mwaka 2019. Haenel amekaa ukumbini anasikiliza muziki wa Vivaldi. Kamera inamsogelea usoni na haibanduki. Hasemi neno. Kifua kinapanda na kushuka, machozi yanamtoka, mara tabasamu linachungulia katikati ya kilio, linapotea, linarudi. Nimeirudia sehemu hiyo sijui mara ngapi, na kila mara najikuta nimebana pumzi. Kwa hiyo anayelia kwamba tumepoteza mwigizaji, mimi nalia naye. Ugomvi wangu ni juu ya nani alaumiwe.

Novemba 2019, kupitia chombo cha habari cha Mediapart, alieleza kwamba Christophe Ruggia, mwongozaji wa ile ile Les Diables, alikuwa akimshikashika tangu akiwa na miaka 12. Ruggia alikana. Haikupita hata miezi minne, tarehe 28 Februari 2020, Haenel yuko Salle Pleyel, Paris, kwenye sherehe za César, mwenyewe akiwa mgombea. Likatangazwa jina la mwongozaji bora: Roman Polanski, mtu aliyekiri mahakamani Marekani mwaka 1977 kufanya ngono na msichana wa miaka 13, kisha akakimbia nchi kabla hajahukumiwa. Haenel akainuka. Akatoka akisema "La honte!", yaani aibu. Sciamma akamfuata pamoja na wachache wengine. Ukumbi uliobaki ulikaa kwenye viti vyake.

Hao waliokaa ndio "humo ndani" tunamoambiwa angepigania.

Mei 2023 akaandika barua kwa jarida la Télérama kutangaza kwamba anaacha filamu, akiwashutumu wenye tasnia kwa kuwakingia kifua watuhumiwa. Sanaa hakuiacha: aliendelea na tamthilia jukwaani akiwa na mwongozaji Gisèle Vienne. Anayesema "amekimbia kazi" basi hajafuatilia.

Ipo hoja moja inayonisumbua, sitaificha. Akiondoka mtu kama yeye, binti wa miaka 12 anayefika lokesheni leo atamtazama nani? Judith Godrèche, mwigizaji mwenzake, Februari 2024 alipanda jukwaa la César hilo hilo akawaambia ana kwa ana juu ya ukimya wao kuhusu unyanyasaji wa kingono. Bunge likaunda tume ya uchunguzi, na Aprili 2025 ripoti ikatoka na mapendekezo 86. Ni kazi kubwa, namheshimu kwa hilo. Ila njia aliyopita Godrèche ilikuwa imeshafyekwa, na tunajua nani alishika panga.

Tarehe 3 Februari 2025 mahakama ya Paris ilimtia Ruggia hatiani: kifungo cha miaka 4, miwili akivaa bangili ya kielektroniki badala ya kukaa jela, mingine miwili ikiwa imeahirishwa. Akakata rufaa. Hesabu wenyewe: zaidi ya miaka mitano tangu Haenel aseme, na zaidi ya ishirini tangu filamu ile ipigwe. Muda wote huo tulitaka aamke asubuhi, apakwe poda, aigize mapenzi mbele ya kamera kwa ajili yetu.

Anayesema angebaki, naomba anijibu hili moja: angebaki kwenye filamu ya nani?