Miaka 18 mirathi haijafungwa, baba mkubwa anauza viwanja vya marehemu baba

Wakuu, nimekaa na hili jambo mpaka limenishinda. Leo nalitoa.

Mzee wetu alifariki 2007. Aliacha ekari nane upande wa Nala, hapa Dodoma, shamba alilofyeka mwenyewe, si la ukoo. Kikao kikakaa, baba mkubwa akapendekezwa kuwa msimamizi wa mirathi kwa kuwa "watoto bado wadogo na mama yenu hajui mambo ya mahakamani". Mahakama ya mwanzo ikampa barua yake. Sisi tukadhani tumempa kazi, kumbe mwenzetu alijua amepewa shamba.

Msimamizi anatakiwa ndani ya miezi minne apeleke mahakamani orodha ya mali na hesabu za mgawanyo, ile fomu namba 5 na namba 6. Mwezi uliopita nimeomba kuona jalada. Fomu 5 hakuna, fomu 6 hakuna. Kuna muhtasari wa kikao, cheti cha kifo na vumbi.

Na miaka yote hiyo shambani alikuwa nani? Mama. Mtama, karanga, mwaka wa mvua haba anaambulia gunia moja na nusu. Baba mkubwa hatukumwona hata siku moja ya kuamia ndege. Serikali ilipotangaza 2016 kwamba inahamia Dodoma, wapima wakaanza kupita, na ghafla ndugu wote wakaikumbuka njia ya Nala. Binamu mmoja wa Mbeya, ambaye hata msibani hakufika, alipiga simu kuuliza "eneo letu" lina ekari ngapi.

Viwanja vitano vimeshauzwa. Mnunuzi mmoja kachimba msingi katikati ya matuta ya karanga, mama anaangalia. Nilipomfuata baba mkubwa akanijibu bila aibu: kwanza wewe mtoto wa kike umeshaolewa Singida, unadai nini huku, pili mmechelewa, sheria ni miaka 12. Haya, miaka 12 ya kudai ardhi naijua. Lakini kila tukiuliza, nani alikuwa anasema "subirini mdogo wenu amalize shule"? Kamaliza, kaoa, ana mtoto. Anayetuhesabia miaka ndiye huyohuyo aliyetuambia tusubiri!

Baraza la kata wakasema tangu sheria ilipobadilishwa 2021 wao ni kusuluhisha tu. Baba mkubwa akaitwa mara mbili, hakutokea. Baraza la ardhi la wilaya nikaambiwa hii ni mirathi, nirudi mahakama iliyomteua nikaombe atenguliwe. Nauli za Singida hadi hapa nimeacha kuzihesabu. Na ndugu zangu wa tumbo moja wananiambia nisimpeleke mzee mahakamani, nitapata laana. Laana ya nani, wakati aliyeibiwa ni marehemu?

Kwa wanaojua: akitenguliwa, wale wanunuzi watano inakuwaje? Wana mikataba yenye muhuri wa serikali ya mtaa. Na zuio la kuuza naliomba wapi haraka, maana juzi dalali kaonekana tena shambani na futi yake.

Kikao cha ukoo ni Jumamosi. Mwenyekiti ni baba mkubwa mwenyewe. Nimeambiwa nije na kreti mbili za soda.