Kadi ya chama ya Gert Fröbe: Israeli ilikosea kuzifungia filamu zake?

Wakuu, naleta mada. Mwaka 1965 Israeli ilizipiga marufuku filamu za Gert Fröbe, mwigizaji Mjerumani aliyekuwa ametoka kutikisa majumba ya sinema kama adui wa James Bond katika Goldfinger (1964). Gazeti la Daily Mail la Uingereza lilikuwa limemnukuu kuhusu uanachama wake katika chama cha Nazi. Alilalamika kwamba maneno yake yamepotoshwa, ila uanachama wenyewe ulikuwa kweli: aliingia 1929 akiwa bado kijana mdogo, akatoka 1937. Baadaye Myahudi mmoja, Mario Blumenau, alikwenda ubalozi wa Israeli mjini Vienna akaeleza kuwa Fröbe alimficha yeye na mama yake wasikamatwe na Gestapo, polisi wa siri wa Nazi. Marufuku ikaondolewa.

Msimamo wangu ni kwamba walimhukumu kwa pupa. Tazameni miaka yenyewe. Hitler alishika madaraka 1933, na baada ya hapo watu walimiminika chamani kufuata ulaji. Fröbe alitoka wakati ulaji ndiyo umenoga.

Halafu kuna kazi yake, na hapa ndipo roho inaniuma. Mwaka 1948, katika Berliner Ballade, aliigiza askari aliyerudi kutoka vitani akaikuta Berlin magofu matupu. Alikuwa mwembamba kama ufito. Ukimwona humjui kuwa ndiye yule bonge wa Goldfinger. Mwaka 1958 akacheza Schrott, muuaji wa watoto wa kike katika Es geschah am hellichten Tag, hadithi iliyoandikwa na Friedrich Dürrenmatt. Schrott hapigi kelele. Nyumbani anafokewa na mkewe, kisha anakwenda msituni na chokoleti na mwanasesere wa mkononi. Wajerumani walikuwa wamezoea kumtafuta muuaji kwa mgeni. Fröbe akawaonyesha jirani yao mpole. Uigizaji huo ndio uliomfikisha kwa Bond, ambako sauti yake ya Kiingereza iliingizwa na mtu mwingine, Michael Collins. Mtu wa namna hiyo unamfungiaje kabla ya kumsikiliza?

MCHANGIAJI WA KWANZA
Ndugu yangu, hoja yako ya miaka inakugeukia. Mwaka 1929 hakuna aliyelazimishwa wala aliyetafuta kazi kupitia chama kile. Aliingia kwa kukipenda. Na umesahau walioketi kwenye viti vya sinema za Tel Aviv. Wengi walikuwa wamepoteza ukoo mzima, miaka 20 tu ilikuwa imepita. Serikali kuwaambia "subirini kwanza" si dhuluma. Fröbe hakufungwa jela, hakunyang'anywa hata senti. Tena bila marufuku ile, Blumenau angekuwa na sababu gani ya kwenda ubalozini?

MCHANGIAJI WA PILI
Naona mnachanganya serikali na raia. Veit Harlan, mwongozaji wa Jud Süß (1940), filamu ya kuchochea chuki dhidi ya Wayahudi, alishtakiwa baada ya vita akaachiwa huru, akarudi kutengeneza filamu. Mwaka 1950 Erich Lüth wa Hamburg aliwataka watu wazisusie. Mahakama za chini zikamzuia, lakini mwaka 1958 Mahakama ya Katiba ya Ujerumani ikaamua kuwa ana haki ya kusema. Njia ya Lüth naiunga mkono: mwenye uchungu aseme, watu wenyewe waamue kukata tiketi au kutokata. Ila Harlan alitengeneza silaha ya chuki kwa mikono yake. Kumweka Fröbe kapu moja naye siwezi.

MWANZISHA MADA
Mchangiaji wa kwanza, uchungu wa watazamaji wale naukubali kabisa, na kama wangesusa wenyewe nisingefungua mdomo. Lakini umesema marufuku ndiyo iliyomleta shahidi. Shahidi huyo alikuwepo kwa sababu yeye na mama yake waliepuka Gestapo. Tuseme wangekamatwa njiani, siku moja baada ya Fröbe kuwasaidia. Angebaki na kadi yake ya 1929 tu, na marufuku juu. Kwa mtu huyo ungeandika nini?

MCHANGIAJI WA KWANZA
Ningeandika kwamba kadi hiyo aliichukua mwenyewe. Na ningetaka kusikia kwake yeye, kabla ya gazeti lolote kumuuliza.