Je, Nima Yushij aliiua arudhi ya Kiajemi?

Ndugu aliyeanzisha mjadala anadai kwamba Nima Yushij, mshairi wa Iran, aliubomoa ushairi wa Kiajemi, na kwamba washairi wetu wa mashairi huru ni wanafunzi wa ukaidi uleule. Aliyemjibu anakubali kwamba aliubomoa, ila anampongeza. Nawapinga nyote wawili. Mnamgombea Nima ambaye hakuwahi kuwapo.

Huyu aliyezaliwa Yush, kijiji cha milimani Mazandaran, mwaka 1897 kwa jina la Ali Esfandiari, hakuitupa wazani, yaani mpangilio wa silabi ndefu na fupi unaoongozwa na arudhi, kanuni za ushairi. Chukueni shairi lake la 1941, "Ay Adamha", yaani "Enyi Watu". Watu wameketi ufukweni, wanacheka, na mbele yao mtu anakata roho majini. Mshororo wa kwanza umejengwa kwa guu (kipande cha silabi kinachorudiwa) la "faailatun", refu-fupi-refu-refu, likirudiwa mara nne, kisha silabi moja ya mwisho. Mshororo wa pili una guu lilelile mara tatu, na silabi moja. Ni bahari ile ile ya ramal, yaani aina ya wazani, waliyoiogelea wazee kwa karne nyingi! Alichokataa ni sharti la kila mshororo kulingana na mwenzake kwa urefu, maana sharti hilo humlazimisha mshairi kujazia maneno pale ambapo wazo limekwisha. Hata vina hakuvifukuza. Alisema kina ni kengele ya maana: kinalia wazo linapotimia, si kwa sababu mshororo umefika ukingoni.

Kwa mshairi wa Kiswahili anayehesabu mizani nane kwa nane, jambo hili halipaswi kuwa geni. Neno lenyewe, arudhi, sisi na Waajemi tumelipata kwa Waarabu. Tofauti ni kwamba sisi twahesabu idadi ya silabi, wao wanapima urefu wake. Ndiyo maana naona si haki kumvuta Nima kwenye ugomvi wetu wa mashairi huru uliopamba moto mshairi Euphrase Kezilahabi alipotoa diwani yake "Kichomi" mwaka 1974, kana kwamba kesi ni moja. Kezilahabi aliacha urari wa vina na mizani. Nima aliondoa urari wa urefu, akabaki na pigo la ngoma.

Na msidhani aliharakia. "Afsaneh" ya 1922 bado ina beti zinazolingana. Ilimchukua takriban miaka 16 kufika "Qoqnus", shairi la ndege anayejitupa motoni na makinda yake yakainuka kutoka majivuni, ambalo wengi hulihesabu kuwa la kwanza la mtindo wake mpya. Mtu anayebomoa tu hangoji miaka 16. Huyo alikuwa anapima.

Kama mnamtafuta aliyeiacha wazani ya arudhi kabisa, nendeni kwa Ahmad Shamlou, mshairi mwingine wa Iran, na mashairi aliyoyaita "meupe". Mimi Shamlou nampenda sana, na niko tayari kumtetea. Lakini huo ni mjadala mwingine, na mashtaka yake asibebeshwe mzee wa Yush.

Kwa hiyo namwomba ndugu yangu mwenye hoja: leta hapa shairi moja la Nima la baada ya "Qoqnus" unaloliona halina wazani. Tutalikata maguu pamoja, mshororo kwa mshororo, na kama silabi zitakuunga mkono nitakubali mbele ya wote.