Tubilandu wa Zaire 1974: aliingia dakika ya 21, akafungwa sita. Alikuwa kipa mbovu kweli?

Namba12_Temeke

Wakuu, habari za jioni. Vijiweni hapa Dar, mazungumzo ya vipigo vya Kombe la Dunia yakianza tu, ile 9-0 ya Zaire (Kongo DR ya leo) kufungwa na Yugoslavia lazima itajwe, na lawama zote wanabebeshwa makipa. Kwa kifupi: Gelsenkirchen, 18 Juni 1974. Kipa namba moja Mwamba Kazadi anatolewa dakika ya 21 ubao ukisoma 3-0, anaingia Dimbi Tubilandu wa AS Vita Club akiwa na jezi namba 12. Mpira unaisha tisa bila. Tubilandu hakupangwa tena kwenye mashindano yale, na leo ukimtafuta anaelezwa kwa mistari miwili, mmoja wa jina na mwingine wa yale mabao.

Naomba wenye kumbukumbu wanisaidie. Nani aliamua Kazadi atoke? Tubilandu alifungwa kwa udhaifu wake au aliingizwa kwenye mchezo ambao tayari ulikuwa umeharibika? Na walimu wa makipa mtueleze: kipa wa akiba anaandaliwaje ili akiitwa ghafla asiingie baridi? Tafadhali mje na dakika na hesabu. Stori za "walikuwa hawajui mpira" tumezisikia vya kutosha.

Jalada_la_Soka

Mkuu, umeuliza vizuri. Tuanze na dakika, maana ndizo zinazomtetea huyu mtu.

Mabao yaliingia hivi: Bajević dakika ya 8, Džajić 14, Šurjak 18, hapo Kazadi akatoka. Katalinski 22, Bajević 30, Bogićević 35. Baada ya mapumziko Oblak 61, Petković 65, na Bajević akafunga la tatu lake dakika ya 81.

Sasa gawanya. Kazadi alicheza dakika 21 akafungwa matatu, yaani bao moja kila dakika 7. Tubilandu alicheza dakika 69 akafungwa sita, bao moja kila dakika 11 na nusu. Tena alicheza karibu muda wote huo timu ikiwa na watu kumi. Kati ya dakika ya 35 na ya 61 hakufungwa hata moja. Anayesema kipa wa akiba ndiye aliyeizamisha Zaire hajatazama saa.

Tazama pia alivyopokelewa. Ameingia 21, bao la Katalinski limeingia 22. Kazi yake ya kwanza kwenye Kombe la Dunia ilikuwa kuokota mpira nyavuni. Wachezaji wa Zaire wakamzonga mwamuzi, Omar Delgado wa Colombia, na katika vurugu hiyo beki Mwepu Ilunga akampiga mwamuzi teke. Delgado akamtoa nje Ndaye Mulamba, ambaye si yeye aliyepiga. Mulamba ndiye aliyefunga mabao 9 kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika miezi mitatu nyuma. Kwa hiyo ndani ya dakika mbili timu imebadilisha kipa, imefungwa la nne na imempoteza mfungaji wake mkuu kwa kosa la mwenzake. Mlete kipa yeyote unayemheshimu umweke hapo.

Kuhusu nani aliamua: kocha Blagoje Vidinić alieleza baadaye kwamba agizo lilitoka kwa mjumbe wa wizara ya michezo aliyesafiri na timu. Kumbuka Vidinić mwenyewe alikuwa kipa, alikuwemo kwenye kikosi cha Yugoslavia kilichotwaa dhahabu ya Olimpiki Roma 1960. Na kwa kuwa wapinzani siku hiyo walikuwa nchi yake, wapo waliomtuhumu kuwa amewauza wachezaji wake wa Zaire. Mwepu naye alisimulia miaka mingi baadaye kwamba wachezaji waligundua fedha zao hazipo na nusura wagome kuingia uwanjani. Timu iliyoingia siku ile ilikuwa imevunjika kabla ya filimbi.

Nisahihishe na kitu kimoja kinachorudiwa sana, kwamba Kazadi ndiye kipa wa kwanza kubadilishwa Kombe la Dunia. Si kweli. Mwaka 1970, Romania ikicheza na Brazil kule Guadalajara, Adamache alimpisha Răducanu kabla ya mapumziko.

Mwamba wa Juu

Jalada kamaliza habari ya siku ile. Mimi nataka Kazadi naye atendewe haki, kwa sababu mzigo ukitua kwa Tubilandu unatoka kwa Kazadi, na ukitua kwa Kazadi watu wanadhani alikuwa kipa wa kubahatisha.

Kazadi alidakia TP Englebert ya Lubumbashi, ndiyo TP Mazembe ya leo, ile iliyoitoa Simba robo fainali ya Ligi ya Mabingwa 2019 kwa 4-1 baada ya suluhu hapa Dar. Klabu hiyo ilifika fainali ya Afrika mara nne mfululizo, 1967 hadi 1970. Ya 1967 ilitoka sare mara mbili na Asante Kotoko, 1-1 na 2-2, Kotoko hawakutokea kwenye mechi ya tatu, kombe likaenda Lubumbashi. Ya 1968 wakaifunga Étoile Filante ya Lomé jumla ya 6-4. Mwaka huohuo wa 1968 taifa lake likachukua Kombe la Mataifa Addis Ababa kwa kuifunga Ghana 1-0. Machi 1974 wakalichukua tena Cairo, baada ya 2-2 na Zambia na kurudiana siku mbili baadaye, 2-0.

Kwenye kura za mchezaji bora wa Afrika mwaka 1973, Kazadi alikuwa wa pili nyuma ya Bwanga Tshimen, mwenzake wa Zaire. Kipa, wa pili bara zima. Mwaka uliofuata anatolewa dakika ya 21 mbele ya dunia. Mimi hilo naliona ni dhuluma kwa wote wawili: mmoja alivuliwa heshima aliyoijenga miaka saba, mwingine alitupwa motoni bila maandalizi.

Na uamuzi wenyewe ulijikana. Siku nne baadaye, dhidi ya Brazil uwanja uleule, Kazadi karudi golini na Tubilandu karudi benchi. Kama tatizo lilikuwa kipa, kwa nini umrudishe?

Kocha wa Glovu

Nijibu swali la tatu, ndilo langu.

Kosa kubwa la timu zetu za vijana, kuanzia viwanja vya Tandika mpaka Mbagala, ni kumfanya kipa namba mbili mtumishi wa namba moja. Kabla ya mechi yeye ndiye anayempigia mwenzake mashuti na krosi kwa dakika 20 nzima. Miguu yake inapata moto, mikono haijagusa kitu. Akiitwa dakika ya 15, mpira wa kwanza anautema. Dawa ni rahisi: gawa muda. Namba moja dakika 15 za kudaka, namba mbili dakika 10 za kudaka, kocha au mchezaji wa akiba ndiye apige. Mpe mipira ya kifuani kama 10, ya chini 10 kila upande, krosi 6 kutoka kila wingi, halafu amalizie kwa kupiga mipira mirefu mitano. Mapumzikoni, wengine wakiwa chumbani, yeye abaki uwanjani dakika 8 mpaka 10.

Mechi ikiendelea, kila dakika 15 ainuke, aende pembeni dakika tatu na mpira na mtu wa kumrushia. Glovu zake azilowanishe kidogo kwa maji kabla ya kuingia, maana viwanja vyetu vina vumbi na glovu kavu yenye vumbi inateleza kama sabuni. Mechi ya saa kumi alasiri, ajue mapema goli lipi linatazama magharibi. Jua la Dar saa kumi na moja linapofusha kipa kwenye krosi, kofia iwe karibu. Na jezi yake ikaguliwe rangi pamoja na ya namba moja, isije siku ya shida mwamuzi akaikataa.

Kuingia kwenyewe kuna wakati wake. Usibadilishe kipa wapinzani wakiwa na kona au faulo karibu na kumi na nane, isipokuwa aliyepo ameumia na hawezi kusimama. Subiri mpira wenu: goli kiki au wa kurusha upande wa mbali. Kipa mpya anatakiwa agonge mpira mmoja au miwili isiyo na hatari kabla ya shuti. Akifika golini, jambo la kwanza ni kuita mabeki wa kati kwa majina na kuwaambia atatoka umbali gani kwenye krosi. Sauti ni fupi na ya mapema: "Kipa!" akitoka, "Toa!" akibaki. Mabeki waliozoea kipa anayetoka sana wakipewa ghafla anayebaki mstarini, katikati yao na goli panabaki uwazi wa mita sita hivi ambao hauna mwenyewe. Mabao mengi baada ya kubadilisha kipa huingia hapo.

Ukumbuke na kanuni za wakati ule: kila timu ilikuwa na nafasi mbili tu za kubadilisha. Kutumia moja kwa kipa mzima dakika ya 21, halafu unabaki kumi, ni gharama kubwa mno.

Namba12_Temeke

Kocha, asante sana. Na ukuta wa faulo? Bao la pili, la Džajić, lilikuwa faulo, na makipa wetu vijana wanasumbuka hapohapo.

Kocha wa Glovu

Faulo ya katikati, mita 20 mpaka 25, weka watu wanne au watano. Ikiwa ya pembeni, wawili au watatu wanatosha. Vuta mstari kichwani kutoka kwenye mpira mpaka mlingoti wa karibu: mtu wa kwanza wa ukuta asimame nje ya mstari huo kwa nusu bega, ndipo mpira unaopinda kwa nje umkute. Wengine wajipange kuelekea katikati. Kipa anachukua upande wa mbali, lakini asifunikwe, lazima auone mpira unapoondoka mguuni. Akisogea nusu hatua nyuma ya ukuta, ameshachelewa.

Kinachowaua vijana ni kwenda kushikilia mlingoti wakipanga ukuta huku mpigaji amesimama na mpira tayari. Anapiga haraka, goli tupu. Mpe kazi hiyo mshambuliaji wako mmoja: asimame nyuma ya mpira, atazame goli, apange ukuta kwa mkono. Kipa abaki katikati mpaka mwamuzi apime zile mita 9.15 na kuwaambia wasubiri filimbi.

Jalada_la_Soka

Nyongeza kwa anayetaka kutafuta zaidi. Majina ya wachezaji hawa yanapotea kwa sababu mbili. Kwanza, siasa ya uhalisi ya Mobutu, rais wa Zaire, iliondoa majina ya Kizungu, kwa hiyo kumbukumbu za miaka ya 1960 zina Robert Kazadi na Pierre Ndaye, za 1974 zina Kazadi Mwamba na Ndaye Mulamba. Pili, orodha nyingine hugeuza mpangilio: Dimbi Tubilandu, Tubilandu Ndimbi, ni mtu mmoja. Tumia namba ya jezi kuhakikisha: Kazadi 1, Tubilandu 12, na kipa wa tatu Kalambay 22.

Na ile mechi ya Brazil itazameni yote. Watu huonyesha tu ile faulo ya Brazil ambayo Mwepu alichomoka ukutani akaubutua mpira kabla haujapigwa. Brazil walihitaji ushindi wa mabao matatu ili waipite Scotland kwenye kundi, na la tatu, la Valdomiro dakika ya 79, lilipita chini ya Kazadi, mpira ambao siku nyingine angeudaka. Scotland wakatolewa kwa bao hilo bila kupoteza mechi hata moja. Tubilandu alikuwa benchi.