Jina la Robert Koch: libaki au liondoke?

Mtoa mada:
Wakuu, kule Neukölln, Berlin, kulikuwa na mtaa wa Wissmann, yule kamanda aliyemwandama Abushiri. Tangu 2021 unaitwa Lucy Lameck, mwanasiasa wetu wa Kilimanjaro. Mwaka 2024 barabara ya Carl Peters nayo ikabadilishwa, kipande chake kimoja kikapewa jina la Maji Maji. Hapo sina ubishi. Ninayemleta mezani ni Robert Koch, daktari na mtafiti wa Kijerumani, ambaye taasisi ya taifa ya afya ya Ujerumani bado inaitwa kwa jina lake.

Tarehe 24 Machi 1882 alitangaza kimelea cha kifua kikuu, na 1905 akapewa Nobel. Sawa. Lakini 1906 na 1907 alikuwa Visiwa vya Ssese, Ziwa Victoria, upande wa Uganda, akiwadunga wagonjwa wa malale atoksili, dawa yenye aseniki. Vimelea vilipotea kwenye damu kwa muda, halafu vikarudi. Akapandisha dozi hadi gramu nzima! Kuna waliopofuka wasione tena, na wengine wakaikimbia kambi. Baadaye akashauri wagonjwa wakusanywe makambini, watengwe.

Wissmann alikuja na mizinga, kila mtu akajua ni adui. Koch alifuatwa na wagonjwa wenyewe wakitaka kupona. Kwangu hilo ni zito zaidi. Jina liondoke.

Mchangiaji wa kwanza:
Unamwonea mzee wa watu. Malale wakati ule ukiugua ni kusubiri kaburi tu, kando ya ziwa vijiji vilikwisha. Dawa nyingine ilikuwa ipi? Na Siku ya Kifua Kikuu Duniani tunaiadhimisha tarehe hiyohiyo 24 Machi. Nayo tuifute?

Mtoa mada:
Siku hiyo inaadhimisha ugunduzi, iacheni. Kuhusu dawa, Paul Ehrlich, mtafiti wa dawa wa Frankfurt, Mjerumani mwenzake, aliiona atoksili ni sumu kwa mishipa ya macho. Akaendelea kutafuta kwenye aseniki hiyohiyo mpaka ikapatikana Salvarsan, iliyoingia sokoni 1910 kutibu kaswende. Kwa hiyo usiniambie hatari haikujulikana.

Mchangiaji wa pili:
Mimi nasema jina libaki, ila habari za Ssese ziandikwe ukutani kwa herufi kubwa. Majivu yake yamehifadhiwa humohumo ndani ya jengo la taasisi, basi anayekwenda kutoa heshima azisome kwanza. Mkiliondoa jina, nani atauliza tena habari za wale vipofu?

Mtoa mada:
Wa Ssese na Bukoba mliosimuliwa na wazee, karibuni.