Mrejesho: raia kupinga deni la serikali mahakamani

Wakuu, niliuliza, kwa ajili ya kaka yangu, kama mtu anaweza kuishitaki serikali inayomkata pesa kwa deni asilolitambua, mkanielekeza kwenye kesi za Robodebt za Australia, yaani mfumo wa kompyuta wa serikali uliowadai watu warudishe posho walizopokea. Asanteni sana, nimezisoma.

Kompyuta ilichukua kipato cha mwaka mzima, ikakigawa sawasawa kwa kila wiki mbili. Aliyefanya kibarua miezi michache akaonekana alikuwa na mshahara hata alipokuwa anapokea posho ya serikali, kisha akatakiwa yeye ndiye atafute hati za mishahara za miaka ya nyuma! Huo ni uonevu.

Madeleine Masterton, mmoja wa waliodaiwa, aliposhitaki, deni lake likafutwa, na kesi ikaishia hapo bila uamuzi. Deanna Amato, aliyechukuliwa marejesho yake ya kodi, alifika mbali zaidi: Novemba 2019, serikali yenyewe ikikubali, Mahakama ya Shirikisho ilitamka kwamba deni lake halikuwa halali. Wastani huo wa kipato peke yake haukutosha kuthibitisha deni. Kisha ikaja kesi ya pamoja ya wadaiwa wengi, na suluhu yake ikaidhinishwa na mahakama mwaka 2021.

Kwa hiyo kaka yangu anaanza kwa kudai mchanganuo wa deni kwa maandishi, kabla ya kusaini chochote.