Pokémon Silver: saa sita mchana giza linaingia. Narekebishaje saa bila kufuta sevu ya mtoto?

Baba_Nasri

Wakuu, heshima kwenu.

Nina Game Boy Color na kaseti ya Pokémon Silver, toleo la Ulaya, vilikuwa vya dada yangu enzi anasoma Leicester. Alipokuja likizo akamwachia mwanangu wa miaka tisa. Kaseti ilikuwa haisevu kabisa, ukizima kila kitu kimepotea. Nikaipeleka kwa fundi simu, akang'oa betri ya zamani akaweka CR2032 mpya na kuibana kwa selotepu. Ikaanza kusevu, dogo akaanza mchezo upya. Sasa ana beji tano na hataki hata kusikia habari ya kuanza tena.

Shida ni saa. Ikifika saa sita mchana, kwenye gemu giza linaingia. Saa nne usiku, wakati namfukuza akalale, huko kunapambazuka! Halafu siku nazo hazieleweki. Kuna Pokémon anaitwa Lapras, anatokea Ijumaa tu ndani ya pango la Union Cave. Ijumaa asubuhi tumemtafuta, hayupo. Jumamosi asubuhi dogo kaingia pangoni, kamkuta.

Kitu kingine, juzi kaseti ilianguka sakafuni na alipowasha sevu haikuonekana. Akazima, akaichomeka vizuri, akawasha, ikarudi. Moyo ulishuka hadi miguuni.

Mtandaoni wanasema kuna vitufe vya kubonyeza ili menyu ya saa ifunguke, ila kila mtu anataja vyake, na mmoja anasema ukikosea unafuta kila kitu. Mwenye uzoefu anisaidie. Natanguliza shukrani.

pikseli_moja

Mkuu hiyo rahisi sana. Nenda nyumbani kwa mama wa mchezaji kule New Bark Town, ongea naye, atakuuliza kama unataka kubadili saa za majira ya joto. Kila ukikubali saa inasogea. Ongea naye mara sita, umemaliza.

fundi_wa_bodi

@pikseli_moja, hapana. Yule mama anasogeza saa moja mbele, na ukirudi anakuuliza kama unataka kuirudisha. Ni mbele moja, nyuma moja, basi. Utazeeka sebuleni kwake. Hilo swali ni la watu wa Ulaya na Marekani wanaobadili saa zao kila mwaka. Sisi huku jibu ni HAPANA siku zote.

@Baba_Nasri, kabla sijasema kitu nipe vipimo. Fungua Pokégear (kile kifaa cha mchezaji ndani ya gemu chenye saa), soma saa na siku, kisha andika hapa pamoja na saa na siku halisi za wakati huohuo. "Giza linaingia mchana" bado haijaniambia kitu.

Baba_Nasri

Nimeangalia sasa hivi. Huku ni Jumapili, saa mbili na dakika ishirini usiku. Pokégear inasema Jumapili, saa 2:20, na ni usiku. Kumbe ziko sawa? Mbona basi mchana ndiyo zinaachana?

Kibokoni85

😂😂😂 Samahani ndugu yangu, nimecheka peke yangu dukani mpaka mteja kaniuliza kulikoni.

Haziko sawa. Hiyo 2:20 ya gemu ni ya usiku wa manane, yaani saa nane na dakika ishirini usiku kwetu. Muulize kijana, siku anaanza mchezo yule profesa wa kwenye gemu alipomuuliza saa ngapi, alijibu nini?

Baba_Nasri

Nimemuuliza. Anasema alimwuliza mama yake jikoni saa ngapi, akaambiwa saa moja. Akaweka moja. Ilikuwa Jumamosi jioni.

fundi_wa_bodi

Basi uzi umeisha nusu. Hakuna kilichoharibika ndani ya saa.

Saa moja usiku ni 19:00. Dogo akachagua saa 1 ya usiku ya gemu, ambayo ni 01:00. Baadaye mama wa kwenye gemu alipomuuliza leo siku gani, akajibu Jumamosi. Kwa hiyo ukisoma saa tu utadhani gemu liko mbele kwa saa sita, kumbe ukiweka na siku, liko nyuma kwa saa kumi na nane. Jumamosi saa moja usiku ya kweli, kwenye gemu ni Jumamosi ndiyo kwanza imeanza.

Sasa pima kila ulichosema. Usiku wa Silver unaanza 18:00 hadi 03:59, asubuhi 04:00 hadi 09:59, mchana 10:00 hadi 17:59. Saa 18:00 ya gemu inaangukia saa sita yenu mchana, ndiyo hilo giza. Saa 04:00 inaangukia saa nne usiku, ndiko kupambazuka. Ijumaa ya gemu inaanza Ijumaa ya kweli saa kumi na mbili jioni na kwisha Jumamosi saa kumi na mbili jioni. Lapras alikuwa anafuata ratiba yake vizuri kabisa.

Kibokoni85

Na yale mashindano ya kukamata wadudu ya Jumanne, Alhamisi na Jumamosi, mukienda asubuhi mulikuwa mwaambiwa leo hakuna, siyo?

Baba_Nasri

Ndiyo! Nilidhani toleo la Ulaya limeyaondoa. Aisee.

Na Eevee wake, yule Pokémon anayegeuka Espeon mchana au Umbreon usiku, amegeuka Umbreon mchana kweupe. Dogo kalia nusu saa, alitaka Espeon.

Kibokoni85

Mwambie Umbreon ni bora zaidi. Hilo nalisema kama mtu mzima mwenye familia.

fundi_wa_bodi

Umbreon harudi tena, hata ukirekebisha saa. Tuendelee.

Kwanza uelewe saa yenyewe inavyofanya kazi, maana hapo ndipo watu wanapoharibu. Ndani ya kaseti kuna chipu inaitwa MBC3, na pembeni yake fuwele ndogo inayotetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Ukigawa namba hiyo kwa mbili mara kumi na tano unabaki na moja, ndivyo sekunde inavyopatikana, sawa na saa za mkononi. Chipu yenyewe haijui leo ni lini. Inahesabu tu sekunde, dakika, saa na siku, hadi siku 511, kisha inaanza upya. Gemu ndilo linaloweka kwenye sevu tofauti kati ya hesabu ya chipu na saa uliyomwambia profesa. Kwa hiyo kinachotakiwa kurekebishwa ni ile tofauti, na watengenezaji waliacha mlango wa kufanya hivyo bila kuanza mchezo upya.

Fanya hivi. Sevu mchezo kwanza. Zima, washa, subiri skrini ya jina la gemu. Bonyeza kwa pamoja Chini, Select na B. Achia Chini na B, lakini Select usiiachie. Ukiwa bado umeishika, bonyeza Kushoto na Juu pamoja na uzishike, kisha ndipo uachie Select. Litatokea swali kama unataka kuweka saa upya. Kubali, litakudai namba ya siri yenye tarakimu tano.

TAHADHARI, na hii uisome mara mbili: usianze na JUU, Select na B. Hiyo ndiyo amri ya kufuta sevu yote. Itakuuliza kwanza, na hapo jibu HAPANA. Mtoto asifanye hii kazi peke yake.

Baba_Nasri

Namba ya siri naitoa wapi? Dada hana kijitabu wala boksi.

fundi_wa_bodi

Haimo kwenye kijitabu. Gemu linaikokotoa kutokana na vitu vitatu: jina la mchezaji, namba yake ya utambulisho iliyo kwenye kadi yake, na pesa alizonazo mfukoni. Zile zilizowekwa kwa mama wa kwenye gemu hazihesabiwi. Vikokotoo vya bure vipo mtandaoni, unaandika hivyo vitatu kinakupa tarakimu zako. Jina liandike herufi kwa herufi kama lilivyo, kubwa iwe kubwa, ndogo iwe ndogo.

Ikikubali, itakwambia uendelee na mchezo, na ukiingia utaletewa siku, saa na dakika za kupanga. Hapo weka kwa mtindo wa simu. Kama simu inasema 20:45, tafuta saa 8 ya usiku kwenye gemu. Na hakikisha siku.

pikseli_moja

Nimejifunza kitu. Nafuta maneno yangu ya mama.

Ila jamani hamjamgusia selotepu. Hilo mimi naona ndilo hatari kuliko saa.

fundi_wa_bodi

Umesema kweli, na nilikuwa nakuja huko.

Kwenye Silver, betri moja ndiyo inayolinda sevu na kuendesha saa. Sevu ipo kwenye kumbukumbu inayohitaji umeme muda wote, betri ikiachia hata kidogo wakati Game Boy imezimwa, kila kitu kinaondoka. Safari ile ilipoanguka sevu ilirudi, kwa hiyo betri haikuachia, ni miguu tu ya kaseti ilikaa vibaya kwenye mashine. Safari nyingine usiitegemee bahati.

Betri yake halisi ni CR2025, kipenyo milimita 20, unene 2.5. CR2032 ina kipenyo hichohicho na volti 3 zilezile, ila unene ni 3.2, ndiyo maana naamini kifuniko cha kaseti yako hakifungi vizuri. Inafanya kazi, na chaji yake ni kubwa zaidi, lakini inabana bodi. Tafuta CR2025 yenye miguu ya bati iliyounganishwa kiwandani, ichomewe kwa lehemu kwenye alama za + na – zilizo kwenye bodi. Fundi asichome lehemu moja kwa moja kwenye betri tupu, joto linaiua na inaweza kupasuka. Kuifungua unahitaji bisibisi ya kichwa maalumu cha milimita 3.8. Wale wanaoyeyusha kalamu ya Bic kutengeneza bisibisi, waacheni waendelee na maisha yao.

Kibokoni85

Na sevu ya mtoto wakati wa kubadilisha? Mimi yangu nilibadilisha Game Boy ikiwa imewashwa. Kaseti umeivua ganda, bodi iko wazi, mashine inaipa umeme, watoa betri ya zamani waweka mpya, sevu iko palepale.

fundi_wa_bodi

Inawezekana, na wengi wamefanya. Mimi simshauri mtu ambaye sevu si yake. Ncha ya chuma cha lehemu ikigusa pasipotakiwa, au mkono ukitikisa kaseti ikaachia sekunde moja, umepoteza sevu, na ukikosa bahati umepoteza na chipu. Njia ya kistaarabu ni kifaa cha kusomea kaseti kama GBxCart RW. Unakichomeka kwenye kompyuta, unanakili sevu kuwa faili, unabadilisha betri kwa raha zako, kisha unairudisha. Saa utaipanga tena kwa namba ya siri, njia si unaijua.

Kibokoni85

Kifaa hicho huku mpaka uagize, na posta zetu wazijua. Njia ya tatu: akopeshwe kaseti nyingine ya Gold au Silver na waya wa kuunganishia, wahamishe wanyama wanaopendwa kwanza. Beji zitapotea lakini Umbreon atapona.

fundi_wa_bodi

Hiyo nayo nzuri. Ya kuwashwa bado siikubali.

Ruby_ya_kaka

Nadandia uzi. Mimi nina kaseti ya Pokémon Ruby, nikiwasha inasema betri ya ndani imekwisha, lakini sevu yangu ya miaka ipo. Kwa nini yangu haijafutika?

fundi_wa_bodi

Kwa sababu Ruby, Sapphire na Emerald zinasevu kwenye kumbukumbu ya flashi, haihitaji umeme kutunza. Betri yake, CR1616, ni ya saa tu. Ikifa, mchezo unaendelea, ila matunda uliyopanda hayakui na vyote vinavyotegemea saa vimelala. Ukibadilisha, saa inaanza kuhesabu kutoka mwanzo, na gemu linaweza kukaa likisubiri hadi hesabu mpya ifikie ya zamani ndipo matunda yaanze kukua. Usidhani umeuziwa betri mbovu.

Baba_Nasri

Mrejesho wakuu.

Menyu imefunguka mara ya kwanza. Namba ya siri ikakataliwa, nikaanza kutukana kikokotoo, kumbe wakati natafuta karatasi dogo kaingia dukani kanunua Ultra Ball na kusevu, pesa zimebadilika. Nimekokotoa upya, ikakubali. Nimeweka siku na saa kwa simu yangu, na sasa Pokégear na simu zinakwenda pamoja.

Betri bado. Jirani ana mtoto mwenye Gold na waya, Jumamosi wanakaa wahamishe. CR2025 ya miguu nimeagiza. Fundi yuleyule nimrudie au nitafute mwingine?

fundi_wa_bodi

Mrudie, kama ana chuma chenye ncha nyembamba na mkono usiotetemeka. Muonyeshe alama za + na – kabla hajaanza, akimaliza apime kwa mita kwenye miguu ya betri, isome 3 au zaidi kidogo. Na gundi ya selotepu aisafishe kwa spiriti kabla hajafunga.